Kamera Katika Miwa ya Senje

Amalemba, Kakamega
13 Januari 2025

Senje mpendwa,

Nimefika salama. Barua hii nampa Teresa, mke wa jirani yako Hezekiah, hapa sokoni anapofunga meza yake ya mboga. Simu huisikii tena, na ujumbe wa simu ulinikataza kwa sababu miwani yako inashindwa na herufi ndogo. Basi tutaandikiana kama zamani ulipokuwa mwalimu na mimi, binti wa kaka yako, nikiwa shule ya bweni.

Asante kwa kuniruhusu kusimamisha kamera pale miwa yako inapokutana na mtaro. Najua sikueleza vizuri. Nilikuwa nikisema haraka, nawe ulikuwa ukinitazama midomo. Filamu yangu haina msimulizi, haina muziki, wala hakuna mtu wa kuhojiwa. Kamera inasimama mahali pamoja kiangazi chote na kutazama: miwa, maji, ndege, watu wanaopita. Inaamka na jua na kulala na jua, maana inakula jua kupitia kile kibao cheusi. Mimi nitakuja mara mojamoja kubadilisha kadi ya picha. Wewe ishi kana kwamba haipo. Nataka kuona mahali panavyokuwa wakati hakuna anayejipanga ili aonekane.

Lakini Jumamosi nikiondoka niligeuka nyuma. Ulikuwa na jembe begani. Njia ya kwenda mtaroni inapita mbele ya kamera, nawe ukazunguka kwenye majani marefu, ukapita nyuma yake.

Kwa nini, Senje?

Wako,
Gentrix


Ekero
20 Januari 2025

Mukhana,

Bwana asifiwe, binti yangu. Unaniuliza kwa nini nilizunguka. Ukimkuta mtu amesimama mlangoni pako, haongei, haombi maji, haondoki, wewe ungempita mbele?

Umeniletea mgeni mwenye maneno mengi kwa kunyamaza kwake. Kanisani wananiuliza kama nimeuza shamba kwa tajiri wa Nairobi. Wengine wanasema mashine ni ya kampuni ya sukari, inahesabu miwa yetu ili watupunje vizuri zaidi. Hezekiah naye alikuja na kofia mkononi kama mtu wa matanga. Akanisemesha kwa ile sauti ya kuita ng'ombe, ili nisikie: "Mwalimu! Hiyo kitu inaangalia bafu yetu! Bibi yangu sasa anaoganga na gauni!"

Nikamwambia ahamishe bafu kama alivyohamisha mtaro. Maana unajua, mvua zilizopita alichimba usiku na mchana hadi maji yake yote yakageuzwa kuja kwangu. Aliondoka bila kuaga.

Mengine ni yaleyale. Miwa aliyoipanda marehemu mume wangu Wangila imetoa maua. Wakataji wa kampuni hawajaja. Nikiuliza, ni wiki ijayo. Wiki ijayo ikifika, inakuwa ni wiki ijayo.

Niambie kitu kimoja. Hiyo mashine yako inaona mbali kiasi gani?

Senje wako,
Pascalia


Amalemba
28 Januari 2025

Senje,

Nimetazama kadi ya kwanza. Huwa natazama bila sauti, mara ya kwanza kabisa. Sauti humwambia mtu aangalie wapi, nami nataka macho yangu yatafute yenyewe. Nimekaa na shamba lako kimya chumbani mwangu, pazia limefungwa, mpaka mwenye nyumba akabisha hodi kuuliza kama ninaumwa.

Kuna ndege weupe wanaotua mtaroni kama nguo zilizoanguka kutoka kwenye kamba. Kuna Hezekiah: alikuja, akatazama kushoto na kulia, akajichana nywele akitumia kioo cha kamera, kisha akakitolea ulimi. Nilicheka peke yangu. Siku iliyofuata kuna mtu alisogeza miguu ya kamera, ikageuka kidogo kuelekea barabarani. Mkono wake sikuuona. Alitokea nyuma.

Na kuna wewe. Kila asubuhi unakuja, unavunja muwa mmoja, unautafuna, unatema. Hutafuni tena. Unasimama ukiitazama ile miwa kama mtu anayemtazama mgonjwa. Unatema nini?

Na swali lako, kwamba kamera inaona mbali kiasi gani, nimelisoma tena na tena. Nisamehe. Ni swali la mtu anayetaka kujua mahali ambapo haonekani.

Gentrix


Ekero
6 Februari 2025

Gentrix,

Baba yako alikulipia masomo ili uje kunichunguza meno?

Natema kwa sababu utamu umeisha. Miwa ikipita wakati wake inakauka ndani ikiwa bado imesimama, na kwa nje inapendeza tu. Njoo uipige picha hiyo. Nilikuwa na nguvu nilipokuwa na Wangila wa kwenda kugombana na kampuni ofisini; mimi nikienda, karani anafungua mdomo na kuufunga kama samaki, nami natikisa kichwa kukubali nisichokijua. Safari iliyopita nilitikisa kichwa, nikarudi nyumbani, kumbe nilikubali kungoja mpaka Mei.

Wiki iliyopita shamba la Makhanu, kule juu, liliungua. "Limeungua lenyewe," anasema. Lenyewe! Hapa Ekero miwa ina kiberiti chake. Asubuhi yake wakataji walikuwa wamefika kama nzi kwenye kidonda, kwa kuwa miwa iliyoungua haingoji, usipoikata upesi inachacha. Kampuni inajua mchezo huo. Mkulima akishikwa amechoma yake mwenyewe, mkataba unavunjwa na anapelekwa kituoni. Akichomewa na adui, anapewa pole na kukatiwa. Makhanu amepewa pole. Anatembea akiwa amepinda mgongo kama mfiwa, na jana nimemwona akinunua nyama.

Kamera yako niliisogeza mimi. Nilikuwa nafyeka. Sasa umejua, unaweza kulala.

Pascalia


Ekero
14 Februari 2025

Mukhana,

Najua hujajibu na labda umekasirika. Weka hasira kando usome hii.

Miwa imeungua yote. Ilikuwa Jumanne mchana, jua kali na upepo. Mimi ni mzima, na nyumba haikuguswa. Watu walipofika walimkuta Hezekiah akitoka ndani ya moshi, masizi usoni, nyusi zimeungua, amekumbatia kamera yako. Wakasema: nani anaingia kwenye moto kutoa kamera, kama si mtu anayeogopa kilichomo? Na kila mtu anajua habari ya bafu, na ya mtaro. Polisi wamemchukua. Vijana walitaka kuibomoa nyumba yake siku hiyohiyo. Mchungaji alisimama mlangoni akaimba mpaka wakachoka.

Niliulizwa kama nimekosana naye. Nikasema ndiyo. Si uongo.

Wakataji walikuja Jumatano.

Kamera sijui iko wapi. Watu walimnyang'anya Hezekiah wakamwachia Teresa, na Teresa hanijibu. Nikimsemesha anaangalia chini, nami siwezi kusoma midomo ya mtu anayeangalia chini. Barua hii sikumpa yeye. Nimeituma kwa ofisi ya vifurushi.

Ikikufikia kamera, usimpe mtu yeyote. Ilete kwangu kwanza.

Senje wako


Amalemba
17 Februari 2025

Senje,

Pole. Najua ilikuwa mkono wa mwisho wa Wangila katika ardhi ile.

Kamera ninayo. Teresa aliileta ndani ya gunia, chini ya majani ya kabichi. Alisimama mlangoni, hakukubali kuingia.

"Hii ni yako. Mzee alisema ni mali ya mtoto wa watu, isipotee."

Nikamuuliza kwa nini hakukupa wewe, mwenye shamba.

"Wewe si ndiye umesoma? Angalia picha yako."

"Kaa basi unywe chai, mama."

"Chai nitakunywa mzee wangu akirudi," akasema, akateremka ngazi.

Nimetazama. Mchana, miwa imetulia. Halafu kitambaa kinaangukia kamera kutoka nyuma, na aliyekiweka haonekani. Picha yote inakuwa kitambaa: nyuzi zake, jua likichuja katikati yake, rangi ya kijani ya maji ya kisima. Kinakaa hivyo kwa muda mrefu. Kisha kijani kinaanza kuwa cha manjano, kisha cha chungwa, na kinapumua. Sijawahi kupiga picha nzuri kama hiyo. Nakwambia kwa sababu sina mwingine wa kumwambia: nilifurahi kabla sijakumbuka kwamba lile ni shamba lako linaungua.

Kisha mkono unakivuta kitambaa, na uso unajaa kioo chote. Ni Hezekiah. Macho mekundu, mdomo wazi. Ni uso wa mtu aliyefumaniwa. Alikuwa na sababu ya kuifunika, alikuwa na sababu ya kuirudia. Nimemtazama mpaka nikamchukia.

Jumatatu ijayo nitaipeleka kituoni. Picha hii peke yake itamfunga.

Gentrix


Ekero
20 Februari 2025

Gentrix mwanangu,

Usiipeleke.

Kwanza, kitu kilichofunikwa macho hakikuona, na ukikilazimisha kuwa shahidi kitasema uongo. Pili, Hezekiah ana watoto, mdogo wao bado hajaanza shule. Tatu, kesi isiyo na shahidi hufa yenyewe. Atakaa ndani kidogo, atarudi, watu watachoka kusema, mvua itanyesha, tutalima. Hivyo ndivyo mambo ya hapa yanavyoisha. Ukileta picha, hayataisha.

Nne, wewe mwenyewe uliniambia kamera yako haiingilii. Sasa inataka kwenda mahakamani?

Ifute. Nitakununulia kadi nyingine nikilipwa. Ifute tu, mukhana, na tusiizungumze.

Jana nilipita kwa Teresa na unga kidogo na sukari. Alivichukua. Nilipofika kwenye lango langu nikageuka: alikuwa anavimwaga kwenye mtaro.

Senje wako,
Pascalia


Amalemba
22 Februari 2025

Senje,

Nilisoma barua yako nikiwa nimesimama, nikaisoma tena nimekaa. Sababu zako zote ni nzuri. Ndiyo maana ziliniogopesha. Mtu aliyechomewa shamba hatafuti sababu za kumtetea aliyelichoma, tena azipange kwanza, pili, tatu.

Nikafanya nilichopaswa kufanya siku ile Teresa aliponiambia niangalie. Nilifungua sauti.

Wewe ulifunika jicho la kamera kwa leso yako ya kijani. Nadhani hukufikiria kwamba ina masikio. Nami niliyeiwekea masikio hayo sikuyatumia.

Kuna kandambili zinakuja kwenye majani makavu. Kuna pumzi. Kitambaa kinagusa kamera, kinakwaruza. Halafu ni sauti yako, Senje, si ya kunong'ona, ni ile sauti ya darasani inayofika dawati la nyuma:

"Wangila, usinikasirikie. Ulipanda wewe, na sasa inakufa ikiwa imesimama. Mimi nimengoja hawa watu mpaka nimechoka kungoja. Kama ni dhambi, iandikwe kwa jina langu."

Njiti ya kwanza ya kiberiti haikuwaka. Ulicheka kidogo. Ya pili iliwaka.

Kandambili zikaondoka. Moto ulianza kama mvua inayokuja kwenye mabati ya mbali, kisha ikawa juu yetu. Ningeizima hapo, nilikuwa nimeshapata nilichokuwa natafuta. Sijui ni nini kilichonizuia mkono. Ndipo nikasikia mtu mwingine, mbali, upande wa mtaro:

"Mwalimu! Mwalimu, uko wapi?"

Anakuja. Anakohoa.

"Mwalimu! Toka huko! Mwalimu Pascaliaaa!"

Anaita tena na tena, kila mara karibu zaidi, na kati ya jina na jina anasema na Mungu kwa Kiluhya. Anajua husikii, Senje. Anajua, na bado anaita, kwa sababu ataita vipi vingine? Alipoona leso yako ndani ya moshi alidhani ni wewe umesimama hapo. Aliivuta. Akakuta kamera. Ule mdomo wazi niliouchukia haukuwa wa mtu aliyefumaniwa. Ulikuwa katikati ya jina lako.

Hakuingia kwa ajili ya kamera yangu. Aliibeba tu kwa kuwa hakukupata wewe, na hakutaka kutoka mikono mitupu.

Wewe ulikuwa wapi wakati huo? Ulikuwa upande wa barabara, ukiutazama moto? Uliwaona wakimfunga pingu?

Nimewaza kuifuta. Nataka ujue hilo. Kidole kilikuwa juu ya kitufe, na niliwaza jinsi ulivyonitumia sabuni na barua shuleni wakati mama alipokuwa hospitalini. Kisha nikawaza Teresa na gunia lake. Alijua nimeshika uhai wa mumewe mkononi, na aliniletea mwenyewe, wala hakunibembeleza.

Sitaipeleka Jumatatu. Nitaipeleka Ijumaa ya tarehe ishirini na nane. Nenda kabla yangu, Senje. Tafadhali nenda kabla yangu.

Gentrix


Ekero
3 Machi 2025

Mukhana,

Nilidhani nimesema moyoni.

Hilo ndilo lililonikalisha chini. Si kwamba umejua, maana nilikuwa naona unakaribia. Ni kwamba siku hizi siwezi kujua ni kipi nimekisema na ni kipi nimekiwaza tu. Nimekaa nikijiuliza ni mangapi mengine watu wa Ekero wamenisikia nikiyawaza.

Ulitaka kujua nilikuwa wapi. Nilikuwa nyuma ya choo, upande wa barabara. Nilipoona watu wakikimbia nilitokea kama mimi pia nimeshtuka. Hezekiah alipotolewa, alinitazama. Uso wake ulilegea, akatabasamu. Nilidhani ananicheka. Nikaushikilia ule mcheko, ndio ulionisaidia kusema "ndiyo, tumekosana." Sasa umeniandikia alikuwa ametoka kufanya nini, na ninajua kwa nini alitabasamu. Alikuwa ameniona mzima.

Wewe ulimhukumu kwa mdomo wake, mimi kwa tabasamu lake. Tuko wawili, pamoja na elimu yetu.

Nilikwenda kituoni Alhamisi. Nilivaa suti yangu ya kustaafu. Askari kijana alisema kitu, nikamwambia aandike. Akaandika kama nina hakika, kama hakuna mtu aliyenitisha, kama nimekula. Nikamjibu yote matatu. Chrispinus, mkubwa wao, niliyemfundisha darasa la nne, alitoka ofisini, akaniona, akarudi ndani akafunga mlango. Baadaye alinitolea kiti. Wameniachia kwa dhamana, nitarudi mbele ya hakimu Aprili. Kampuni imevunja mkataba. Shemeji zangu wamekaa kikao kuhusu shamba bila kuniita, lakini hicho walikuwa wakikisubiri tangu Wangila azikwe. Nimewapa tu sababu.

Hezekiah alitoka jioni ileile.

Kuhusu filamu yako. Usiifute. Usikate sauti yangu, na usikate yake. Mimi sitaisikia, kwa hiyo siwezi kukudai uniwekee maneno mazuri zaidi. Lakini nenda umwombe Hezekiah ruhusa. Uso ni wake.

Jana baada ya kanisa nilikwenda kwake. Nilibeba ingokho, kuku jike mzuri mwenye mayai, kama inavyotakiwa mtu akimkosea jirani. Nilisimama nje ya lango mpaka mtoto mmoja aliponiona. Hezekiah alikuwa ameketi uani, amenyolewa kichwa, amekonda. Nilipiga magoti. Mimi, mwalimu wake wa Jumapili. Nikasema niliyoyapanga, nikitumaini kwamba nimeyasema kwa sauti.

Alijibu kwa maneno mengi. Lakini alijibu akiwa amegeuza uso, anautazama mtaro. Anajua nasoma midomo. Sijui alinisamehe au alinilaani, na siwezi kumuuliza mtoto.

Kuku alipokelewa. Teresa alininyooshea mkono kuonyesha mlango wa nyumba, nikaingia. Akatandika kitambaa, akaleta chai ya maziwa na viazi vitamu, akanisogezea sukari. Kisha, kabla hajaketi, akachukua kiberiti kilichokuwa pale mezani karibu na mkono wangu, akakitia mfukoni mwa aproni yake.

Nilikunywa chai yote.

Senje wako,
Pascalia